Wandugu wakigombania shamba: nani achunge kahawa wakati shauri inaendelea?



Kwa makooperativa yetu ya Kivu tunaona jambo hili mara nyingi. Baba anakufa, anaacha shamba la kahawa na watoto wanne. Mukubwa anashika makaratasi yote. Kisha miezi kidogo anaanza kukata miti na kutafuta mununuzi. Wengine wanamushitaki. Lakini shauri inaweza kukawia, na kahawa haingojee muamuzi: ikiiva, inapaswa kuvunwa. Siku hukumu inatoka, mutu anaweza kushinda shamba lenye halina tena hata muti mumoja.

Ndiyo maana leo tunajifunza namna ya kuomba tribinali ichunge mali mbele ya hukumu ya mwisho.

Mukubwa si mwenye shamba lote

Sheria ya Familia ya 1987, iliyorekebishwa 2016, inasema watoto wa marehemu, wanaume na wanawake, wanagawana sehemu yao sawasawa. Kama marehemu hakuacha wasia, mutoto mukubwa ndiye anapewa kazi ya kugawa mali. Anaitwa likidatere. Kazi yake ni kugawa, si kula peke yake. Akishindwa ao akitumia mali vibaya, wandugu wanaweza kuomba tribinali iweke likidatere mwengine kati yao.

Tunaweza kuomba nini?

Maneno ya urithi, na ya udongo wenye kufuata desturi, yanapelekwa kwa tribinali ya amani. Mukisha kushitaki, musikae tu kungojea tarehe. Muombe muamuzi atoe uamuzi wa muda:

1. Mutu yeyote asiuze, asikate miti, asijenge, mpaka shauri iishe.
2. Tribinali ifike shambani, ihesabu miti na kuandika mipaka.
3. Shamba ao mavuno yawekwe sekestre.

Sekestre ni nini? Ni kuweka kitu chenye kinagombaniwa kwa mikono ya mutu wa tatu. Anakichunga, anasimamia mavuno, anaweka pesa, anaandika hesabu. Hawezi kukiachilia mbele shauri iishe, isipokuwa wote wakubaliane ao kukiwa sababu ya haki. Si jambo jipya: liko ndani ya dekreti ya tarehe 30 Julai 1888 juu ya mapatano.

Tena, sekestre haiombi kila mara muamuzi. Wandugu wenyewe wanaweza kuandika mapatano: kahawa iingie depo kwa jina la familia, pesa ikae mpaka siku ya kugawana. Kooperativa ikikubali kuchunga, iombe sahihi za wote. Bila mapatano wala karatasi ya tribinali, kooperativa isijifanye muamuzi.

Vitu vya kubeba

Karatasi ya kifo cha muzazi. Karatasi za kuzaliwa. Makaratasi ya udongo, hata ile ya chifu. Mabono ya depo yenye kuonyesha kilo za kila mwaka. Picha za miti yenye kukatwa. Majina ya majirani wenye kujua mipaka. Muonyeshe muamuzi mambo mawili: kwamba na ninyi muko na haki kwa shamba, na kwamba mukichelewa kitu kitaharibika. Kusema tu "ndugu yetu ni mubaya" haitoshi. Kama munalipa kitu kwa tribinali, muombe risiti.

Tujichunge

Uamuzi wa muda si ushindi. Mwenye kuupata hajawa mwenye shamba, na mwenye kuukosa hajapoteza haki yake. Kwa hiyo musiende kufukuza ndugu na panga sababu muko na karatasi. Na mwenye kuvunja uamuzi, akauza usiku, anajiharibia mwenyewe mbele ya muamuzi. Kumbukeni pia mama mujane: wakati watoto wanagombana, yeye anapaswa kulala ndani ya nyumba na kula.

Shauri itaisha siku moja. Wandugu watabaki wandugu, na miti ya kahawa iwakute ingali imesimama.

Maulizo ya kuzungumza kwa mukutano

– Kwa kijiji chetu, nani anaaminiwa na pande zote mbili kuchunga mavuno?
– Makaratasi ya shamba lako yako wapi leo, na nani mwengine anajua?
– Kooperativa yetu inaandika hesabu ya kila shamba namna gani?