Uyoga wa Vichuguu: Tuuvune Bila Kuumaliza

Somo letu ni juu ya chakula ambacho hakuna mtu anayekipanda. Mvua ya masika ikianza, uyoga huchomoza malishoni karibu na vichuguu. Waluhya huuita obwoba, Wajaluo obuolo. Kila kikundi kina mama anayejua vizuri unapotokea, na mara nyingi hasemi!

Wengi huuliza: kama vikundi vingine vinakuza uyoga kwenye mifuko ya mabua, mbona huu wa vichuguu tusiukuze pia? Mpaka leo hakuna aliyefaulu kuukuza kwa biashara bila mchwa. Wenye shamba ni mchwa wenyewe. Wao hula majani makavu na vijiti, kisha kinyesi chao hukijenga kama sega ndani ya kichuguu. Juu ya sega huota ukungu mweupe unaolainisha ile takataka ngumu, nao mchwa hula ukungu huo pamoja na sega lililolainika. Uyoga tunaouona nje ni kama tunda tu, mti wake uko chini. Wataalamu wanakadiria kwamba ushirikiano huu ulianza hapa Afrika miaka milioni 30 hivi iliyopita.

Basi kichuguu kikifa, uyoga umekwisha mahali pale. Na vinakufa vingi: trekta huvisawazisha, dawa kali humwagwa, malkia huchimbuliwa. Mwenye shamba atasema mchwa wanamalizia mahindi. Ni kweli, wala hatusemi uache hata kichuguu kilicho mlangoni. Lakini mchwa hupenda zaidi vitu vikavu. Ukichoma kila bua, umewaachia mahindi peke yake. Wacha mabua na majani makavu juu ya udongo wapate kazi huko. Kichuguu cha malishoni kisiguswe. Na palipomwagwa dawa msichume kabisa, kwa maana uyoga hufyonza sumu ya udongoni.

Wakati wa kuchuma, msichume wote. Uyoga uliofunguka kama mwavuli huangusha vumbi laini, ndizo mbegu zake. Kumbikumbi wa aina nyingi wakiruka kwenda kuanzisha kichuguu kipya hawabebi mbegu hizo. Ni watoto wao wa kwanza wanaotoka nje kuziokota. Sasa kama sisi tumevuna wote ungali umefumba, wataokota nini? Kikundi kinaweza kupatana, tuseme, katika kila kumi miwili iachwe ikomae. Tena msifuate mzizi kwa jembe. Kata shina kwa kisu.

Lakini hiyo ni kwa uyoga mnaoujua. Wako wanaosema ulioliwa na wadudu ni salama, au kwamba kijiko cha fedha kitageuka rangi kwenye sufuria yenye sumu. Si kweli. Konokono anaweza kula uyoga unaoua mtu. Malishoni humo humo huota mkubwa mweupe wenye magamba ya kahawia, ambao mikunjo yake ya chini hugeuka kijani ukikomaa. Huo hutapisha na kuharisha vibaya. Mbaya zaidi ni ule wenye mikunjo myeupe, pete shingoni na kikombe chini ya shina, ndani ya udongo. Usiojulikana uchimbuliwe mzima ndipo kikombe kionekane. Sumu yake huchelewa, mara nyingi saa 6 au zaidi. Mgonjwa hutapika, hupata nafuu ya uongo, kisha ini huharibika. Msingoje: hospitali mara moja, pamoja na mabaki ya uyoga. Watoto wasitumwe kuchuma peke yao.

Uyoga mbichi karibu wote ni maji, kilo 10 hukauka zikawa kama kilo 1. Ndiyo sababu mwenye kuuza mbichi hukimbizana na jua, kwani kesho umeoza. Ufuteni udongo bila kuuloweka, mpasue vipande, mwanike juu ya wavu penye upepo mpaka uvunjike kwa mkono. Uhifadhiwe kwenye mkebe unaofunga vizuri. Utauzwa au kupikwa wakati wa kiangazi, mboga ikiwa haba, na una protini ya kutosha kusaidia nyumba isiyo na nyama.

Kwa mazungumzo ya kikundi: Tangu mlipokuwa watoto, vichuguu vinavyotoa uyoga kijijini kwenu vimebaki vingapi? Viko kwa shamba la nani, na ni nani atakayekwenda kuzungumza naye kabla ya mvua?