CHAKULA CHA MWANZI WA NYUMBANI

Katika Kibera na Kawangware wako watu waliopanda mwanzi uani, wengine ili kuziba macho ya wapita njia, wengine kwa kutaka fito na kivuli. Asiye na kiwanja huupanda katika pipa kuukuu au gunia. Mara nyingi mmea huanza vizuri, kisha hudhoofu, na mwenyewe hukimbilia dukani kununua mbolea. Kabla ya kutoa fedha yake, yafaa ajue mwanzi hula nini, na hula lini.

Mwanzi si mti. Ni wa jamii ya nyasi, ndugu wa muwa na mahindi, na kama ndugu zake hao hupenda sana naitrojeni, yaani ile sehemu ya mbolea ikuzayo majani. Lakini una tabia yake. Chipukizi la mwanzi hutoka ardhini likiwa na unene wake wote, nalo hufikia urefu wake wote katika miezi michache tu. Baada ya hapo halinenepi wala halirefuki tena. Nguvu za kazi hiyo huwa zimewekwa akiba mapema katika shina lilalalo chini ya udongo. Basi mtu atiaye mbolea baada ya kuona machipukizi membamba amechelewa. Hayo yatabaki vivyo hivyo, na faida itaonekana kwa yatakayofuata.

Kwa kuwa mvua za masika katika Nairobi huanza Machi, na za vuli Oktoba, samadi itiwe Februari na Septemba, ili mvua iikute tayari.

Mbuzi na kuku ni wengi katika mitaa hiyo, na samadi si vigumu kuipata. Ila ikiwa mbichi, hasa ya kuku, huchoma mizizi. Ikusanywe, ifunikwe, ikae miezi mitatu mpaka ipoe na kufanana na udongo mweusi. Kichaka kilichopandwa ardhini chatosheka na karai moja. Cha pipa, makopo mawili. Itandazwe kukizunguka, isigusane na mashina.

Jivu la jiko nalo lina potasi, lakini halina naitrojeni. Konzi moja yatosha. Wala lisichanganywe na samadi mbichi, maana huifukuza naitrojeni ikapotea hewani. Ile harufu kali ipandayo puani ni mali ya mwenye shamba inayokwenda zake.

Mbolea ya dukani, kama ile iitwayo CAN, si mbaya, lakini katika pipa kijiko kimoja cha chai chatosha, kisha maji yamwagwe juu yake. Ncha za majani zikikauka na kuwa rangi ya kahawia, mara nyingi ni chumvi za mbolea zimezidi. Wengi, kwa kudhani mmea una njaa, huongeza nyingine! Dawa ni kumwaga maji safi mpaka yatoke kwa wingi katika matundu ya chini. Na penye maji ya kununua kwa mtungi, kosa hilo hulipiwa mara mbili.

Hata hivyo kinachoudhoofisha mwanzi wa mjini kuliko hayo yote ni ufagio. Kila asubuhi uwanja hufagiwa, na ni sifa njema ya nyumba. Lakini majani yaliyopukutika huchomwa pamoja na taka. Ndani yake mna madini ya silika, ya namna ya mchanga, ambayo huyapa mashina ugumu. Yakiachwa yaoze chini ya kichaka humrudishia mwanzi chakula chake, na udongo haukauki upesi. Katika misitu ya mianzi ya Aberdare na Mau hakuna achukuaye karai la samadi, na mianzi husimama minene. Mwenye kupenda usafi apange mawe kukizunguka kichaka, afagie nje ya mawe tu.

Tena kuna mmea uuzwao mjini katika glasi ya maji, uitwao mwanzi wa bahati. Huo si mwanzi hata kidogo. Ni wa jamii ya drasena, na asili yake ni misitu ya Afrika ya Kati. Usitiwe samadi. Ubadilishiwe maji kila juma, usiwekwe penye jua kali.