Simba wa Filamu Huenda Wapi Kamera Zikizimwa?

Mwaka wa 1964, waigizaji na mafundi wa kamera walipiga kambi Naro Moru, chini ya Mlima Kenya, kutengeneza filamu ya Born Free. Ilimhusu Elsa, simba jike aliyelelewa na afisa wa wanyamapori George Adamson na mkewe Joy. George alimpiga risasi mamake Elsa mwaka wa 1956, akabaki na watoto watatu. Wawili walipelekwa bustani ya wanyama ya Rotterdam, Uholanzi. Elsa alifunzwa kuwinda, akaachiliwa katika nyika ambayo sasa ni Mbuga ya Taifa ya Meru. Alikufa mwaka wa 1961 kwa ugonjwa unaoenezwa na kupe; kaburi lake lingali humo.

Nafasi ya Elsa katika filamu ilichukuliwa na simba kadhaa. Waigizaji wakuu, Virginia McKenna na Bill Travers, ambao walikuwa mume na mke hata nje ya filamu, ilibidi wawazoee kwanza, George akiwa mshauri. Filamu ilitoka mwaka wa 1966 na kushinda tuzo mbili za Oscar, zote za muziki. Simba nao? Wengi walipelekwa kufungiwa katika bustani za wanyama. Watatu tu, Boy, Girl na Ugas, walikabidhiwa George, akawarudisha porini Meru.

Kisa cha Pole Pole kina uchungu zaidi. Ndovu huyu mchanga alikamatwa ili awe zawadi ya serikali ya Kenya kwa bustani ya wanyama ya London. Kabla ya kusafirishwa, aliigiza na McKenna na Travers katika filamu nyingine. Wawili hao waliomba kumnunua ili abaki Tsavo chini ya David Sheldrick. Jibu likawa kwamba wangempata, ila ndovu mwingine angekamatwa badala yake. Walikataa, kwani hilo lingehamisha tu mateso.

Pole Pole alikufa London mwaka wa 1983 akiwa bado kijana, ilhali ndovu huweza kufikisha miaka 60. Mwaka uliofuata, McKenna, Travers na mwana wao Will walianzisha shirika la kuchunguza hali ya wanyama waliofungiwa. Leo linaitwa Born Free Foundation, na miongoni mwa kazi zake ni kufuatilia simba wa Meru.