Kadhi na lugha ya watu wake: Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui

Kiswahili kina maneno mengi ya kumtaja anayekata kesi. Kadhi na hakimu yametoka katika Kiarabu, jaji katika Kiingereza, na mwamuzi limezaliwa na kitenzi chetu cha Kibantu, kuamua. Hapa Kolwezi wengi hutumia neno la Kifaransa. Kila neno linaonyesha sheria ilikotoka, lakini halituambii kama mwenye kesi ameielewa. Ndiyo sababu nimechagua kusoma maisha ya kadhi mmoja wa pwani.

Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui alizaliwa Mombasa mwaka 1891, katika ukoo uliotawala mji huo hadi 1837. Baba yake, Sheikh Ali bin Abdallah, alikuwa kadhi, naye alifariki mwanawe akiwa bado mdogo. Al-Amin akalelewa na kusomeshwa na jamaa yake, Sheikh Suleiman bin Ali Mazrui. Alikua akijua Kiarabu vizuri, akifuatilia maandishi ya wanamageuzi wa Misri, Muhammad Abduh na Rashid Rida.

Angeweza kuandikia wanazuoni peke yao. Lakini mwaka 1930 alianzisha Sahifa, karatasi ya Kiswahili kwa hati za Kiarabu, hati ambazo Waislamu wengi wa pwani walijifunza chuoni tangu utotoni. Mwaka 1932 ikafuata Al-Islah, iliyotumia Kiswahili na Kiarabu. Humo alihimiza elimu, alikemea gharama kubwa za matanga, na aliwaonya wasomaji wasiache dini na lugha zao kwa kuiga wageni. Baadaye makala za Sahifa zilikusanywa katika kitabu kiitwacho Uwongozi.

Miaka hiyohiyo ya 1930 alifanywa kadhi wa Mombasa, na mwaka 1937 akawa Kadhi Mkuu wa Kenya. Alishika kazi hiyo hadi alipofariki mwaka 1947. Miongoni mwa wanafunzi wake, Muhammad Kasim Mazrui na Abdullah Saleh Farsy nao walikuja kuwa Makadhi Wakuu wa Kenya.

Kwa mwanaisimu, jambo kubwa ni mpangilio wa maisha hayo: alikuwa mwalimu wa umma kabla ya kukalia kiti cha hukumu. Sheria aliyoifuata iliandikwa kwa Kiarabu, lakini maelezo yake aliyatoa kwa lugha ya sokoni na nyumbani. Hakuona kwamba Kiswahili kinapunguza uzito wa elimu.

Siku moja nilikaa benchi ya nyuma katika mahakama moja, nikisikiliza kesi ya kiwanja. Hukumu ilisomwa kwa Kifaransa. Mama mmoja, mwenye kesi, akanigeukia: “Mwanangu, banasema nini? Nimeshinda ao nimeshindwa?” Nilimweleza nilivyoweza, nikiogopa kukosea neno moja ambalo lingemgharimu nyumba.

Najua tofauti zipo. Mahakama ya kadhi hushughulikia ndoa, talaka na mirathi ya Waislamu. Zetu zina sheria nyingine. Kiswahili cha Mombasa nacho si cha Kolwezi. Tena Katiba yetu ya 2006 inakifanya Kifaransa lugha rasmi. Lakini Katiba hiyohiyo inakitaja Kiswahili kuwa mojawapo ya lugha nne za taifa, na kifungu cha 18 kinataka mtu aliyekamatwa aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa. Ikiwa aliyekamatwa ana haki hiyo, kwa nini anayegombania nyumba yake aondoke mahakamani akiuliza jirani?

Sidai tukitupe Kifaransa. Nadai kazi kwa idara yetu: tukusanye maneno ya mahakamani yanayotumika Lualaba, tuyafafanue kwa Kiswahili cha hapa, tuwape wakalimani na wanafunzi wa sheria. Sheikh Al-Amin alianza na karatasi ndogo. Sisi tunaweza kuanza na kamusi ndogo.