Jina Moja Kuanzia Kitambulisho Hadi Pasipoti



Siku hizi neno pasipoti si geni tena vijijini kwetu. Mashine za kuchuma chai zimeingia katika mashamba makubwa ya Kericho na Bomet, vibarua wamepungua, na vijana wetu wanatafuta kazi Saudia, Qatar na kwingineko. Wengine wanakwenda kusoma, wengine kukimbia mbio. Kwa hiyo mambo ya pasipoti yanaletwa hata katika mikutano ya merry-go-round, na swali linalorudi ni hili: "Jina langu limebadilika. Sasa nifanye nini na pasipoti?"

Katika somo hili tutaona kwamba pasipoti ndiyo ya mwisho kubadilishwa. Mchai ukiugua mzizini, hatupulizi dawa kwenye majani mawili na kichipukizi. Vivyo hivyo na jina. Anayekimbilia pasipoti kabla ya kutengeneza mizizi yake hupoteza nauli, siku, na pengine kazi yenyewe.

1. SHIDA INATOKA WAPI?

Tuanze nyumbani. Mtoto wa Kikipsigis hupata jina kufuatana na wakati alipozaliwa. Wa jioni ni Kiplangat au Chelangat, wa alfajiri ni Kipkoech au Chepkoech, wa usiku ni Kipkemoi au Chepkemoi. Kijana akitoka jandoni huitwa arap, yaani mwana wa fulani. Basi mzee Kiplangat, mwana wa Kipkoech, ni Kiplangat arap Koech. Lakini watoto wake wataitwa Langat, si Koech. Sisi tunaelewa. Karani aliyetoka mbali anauliza, "Baba ni Koech, mtoto ni Langat, huyu mtoto ni wa nani?"

Tena kuna tahajia. Mmoja anaandika Langat, mwingine Lang'at. Ngetich na Ng'etich. Kwetu ni mtu yule yule. Kwa kompyuta ni watu wawili.

Juu ya hayo kuna jina la ubatizo, ambalo mara nyingi halimo katika cheti cha kuzaliwa, na kwa akina mama kuna jina la mume. Tukumbuke pia historia. Kipande cha wakoloni, kilicholetwa na sheria ya 1915, kilikuwa cha wanaume, na karani aliandika jina jinsi alivyolisikia. Wanawake waliingizwa katika sheria ya kitambulisho mwaka wa 1978 tu. Si ajabu basi kwamba hata leo nyumba moja ina karatasi zenye majina yasiyopatana.

2. TUCHUKUE MFANO

Hapa hatumsemi mtu yeyote, ni mfano tu. Binti ana cheti cha kuzaliwa chenye jina Chepkemoi Langat. Akabatizwa Rose, na kitambulisho chake kikaandikwa Rose Chepkemoi Langat. Akatoa pasipoti kwa jina hilo. Baadaye akaolewa, akabadilisha kitambulisho kuwa Rose Chepkemoi Kirui. Pasipoti aliiacha vile vile. Sasa amepata kazi ya nje. Mkataba umeandikwa Kirui kutoka kwa kitambulisho, visa inaombwa kwa pasipoti ya Langat.

"Mama, hawa ni watu wawili," anaambiwa dirishani.

"Mwanangu, ni mimi peke yangu."

"Najua, mama. Lakini karatasi hazijui."

Amekwisha kuuza ng'ombe wa maziwa apate pesa za safari. Mwajiri hangoji. Nafasi inapewa mwingine. Hiyo ndiyo hasara tunayotaka kuizuia.

3. MAGONJWA MATATU, DAWA TATU

Kabla ya kutoa hata shilingi moja, jiulize: je, jina langu lina ugonjwa gani?

(a) Kosa la kuandika. Jina ni lako, lakini herufi zimekosewa. Hapa hubadilishi jina, unasahihisha. Rudi kwa ofisi iliyotoa karatasi yenye kosa: kwa cheti cha kuzaliwa, ofisi ya usajili wa vizazi na vifo, kwa kitambulisho, ofisi ya usajili wa watu. Nenda na karatasi nyingine zinazoonyesha jina sahihi, kwa mfano kadi ya kliniki, cheti cha shule, au kadi ya ubatizo. Kumbuka kadi ya ubatizo si cheti cha kuzaliwa. Ni shahidi wa kuunga mkono tu, lakini ni shahidi mzuri, kwa kuwa daftari la parokia huandika tarehe na majina ya wazazi.

(b) Majina mawili ya mtu mmoja. Karatasi moja ina majina mawili, nyingine matatu, na yote ni yako. Hapa mara nyingi hutakiwa hati ya kiapo, ile inayoitwa afidaviti, ambayo unaapa mbele ya kamishna wa viapo au hakimu kwamba majina haya yote ni ya mtu mmoja. Lakini tusikie vizuri: kiapo kinaeleza, hakibadilishi. Wengi wanatoka na afidaviti mkononi wakifikiri jina limebadilika. Bado.

(c) Kubadili jina kwelikweli. Unaacha jina moja, unachukua lingine, au unaongeza jina ambalo hukuwa nalo. Hapa unahitaji hati ya kubadili jina, ile mawakili huiita didi poli. Wakili anaiandika, wewe unaweka sahihi, nayo inasajiliwa kwa Msajili wa Hati chini ya Sheria ya Usajili wa Hati. Kisha tangazo linachapishwa katika Gazeti Rasmi la Serikali. Tangazo hilo hutaja jina la zamani, jina jipya, na nambari ambayo hati ilisajiliwa. Hifadhi nakala ya hati na ya gazeti pamoja, maana utaulizwa zote mbili.

Anayechukua jina la mume ana njia fupi zaidi. Cheti cha ndoa ndicho hati yake. Waliofunga ndoa kanisani wana cheti cha serikali walichotia sahihi siku ile. Waliooana kwa mila nao wanaweza kusajili ndoa yao, kwa sababu Sheria ya Ndoa ya 2014 imeitambua, na usajili wa ndoa za kimila ulianza Agosti 2017. Ndoa ambayo haijasajiliwa haina cheti, na bila cheti jina la mume litakuwa kazi kubwa.

Tena akina mama tuelewane: hakuna sheria ya Kenya inayomlazimisha mwanamke kuchukua jina la mume. Ukipenda kubaki na jina la babako, baki nalo. Pasipoti ya jina lako la zamani itakusafirisha bila taabu, mradi kitambulisho, visa, mkataba na tikiti zote ziseme jina hilo hilo.

4. HATUA KWA HATUA

Ikiwa umeamua kubadilisha, fuata mpango huu wala usiruke hatua.

Hatua ya kwanza: hati ya msingi. Yaani cheti cha ndoa, au hati ya kubadili jina pamoja na Gazeti Rasmi. Cheti cha kuzaliwa usikivuruge. Ndoa haibadilishi cheti cha kuzaliwa, kwa maana kinaeleza ulivyozaliwa. Ile hati ya msingi ndiyo daraja kati ya jina la kuzaliwa na jina la sasa.

Hatua ya pili: kitambulisho. Nenda ofisi ya usajili wa watu katika kaunti ndogo yako, au Huduma Centre ya Kericho au Bomet. Beba kitambulisho cha sasa, hati ya msingi na nakala zake. Pitia kwa chifu mapema, kwa kuwa mara nyingi barua yake huulizwa. Nambari ya kitambulisho haibadiliki, jina tu ndilo hubadilika. Ukipewa fomu, soma kila herufi kabla ya kuweka kidole. Kama hujui kusoma, nenda na mtu wa kikundi unayemwamini. Kosa likipita hapo, litapita mpaka mwisho.

Hatua ya tatu: eCitizen. Maombi ya pasipoti yanafanywa kwa mtandao wa serikali uitwao eCitizen, na akaunti yako huko imefungwa na kitambulisho. Hakikisha jina jipya limeonekana katika akaunti kabla ya kujaza lolote. Likiwa bado la zamani, ngoja au uliza, usijaze.

Hatua ya nne: pasipoti. Hakuna karani atakayefuta jina la zamani na kuandika jipya. Unaomba kitabu kipya, na cha zamani unakipeleka. Jaza fomu, lipa ada, chapisha karatasi, kisha uende mwenyewe ofisi ya uhamiaji uliyochagua ukapigwe picha na kuchukuliwa alama za vidole. Ofisi kama hizo ziko Kisumu, Nakuru na Eldoret. Beba pasipoti ya zamani, kitambulisho kipya, cheti cha kuzaliwa, na hati ya msingi, zote za asili pamoja na nakala. Ada hubadilika mara kwa mara, kwa hiyo soma iliyoandikwa katika eCitizen siku ile ile, na ulipe hapo hapo, si mkononi mwa mtu.

Wenye jina la ng' wasiogope. Ile mistari miwili ya chini katika ukurasa wa picha, inayosomwa na mashine, haina alama ya juu. Lang'at huwa LANGAT pale chini. Hilo si kosa.

5. MITEGO YA NJIANI

Usinunue tikiti wala kuweka sahihi mkataba kwa jina jipya kabla pasipoti mpya haijafika mkononi.

Kama pasipoti ya zamani ina visa ambayo haijaisha, uliza ubalozi wa nchi ile kabla ya kuomba nyingine. Visa hiyo iliandikwa kwa jina la zamani.

Usikubali ajenti akubadilishie jina au umri ili "mambo yaende haraka". Kusema uongo ili kupata pasipoti ni kosa la jinai chini ya Sheria ya Uraia na Uhamiaji ya 2011, na atakayesimama kortini ni wewe. Na tuseme msichana ameumia au amefariki ugenini kwa jina lisilo lake. Nani atajua ni binti wa nani ili wazazi waarifiwe?

Pasipoti ni mali ya Serikali ya Kenya, nawe umekabidhiwa. Si mali ya ajenti wala ya mwajiri. Acha nakala yake nyumbani kwa mtu wa kuaminika.

Mwisho, mtu asikuambie kwamba pasipoti ni zawadi. Kifungu cha 12 cha Katiba ya 2010 kinasema kila raia ana haki ya kupata pasipoti na hati nyingine za utambulisho. Omba kwa heshima, lakini omba ukijua ni haki yako.

6. USISAHAU ZILIZOBAKI

Jina jipya likishaingia katika kitambulisho, yapeleke mabadiliko pia kwa KRA, NSSF, na SHA ambayo ilichukua mahali pa NHIF Oktoba 2024. Halafu benki au Sacco, laini ya M-Pesa, na nambari ya mkulima kiwandani. Bonasi ya chai ikitumwa kwa jina ambalo benki haina, itakwama. Na yule aliye ng'ambo akituma karo ya watoto, pesa zitafuata jina lililo kwenye kitambulisho cha anayepokea.

KAZI YA KIKUNDI

Mkutano ujao, kila mmoja alete karatasi zake zote katika bahasha: cheti cha kuzaliwa, kitambulisho, cheti cha ndoa, cheti cha shule, kitabu cha benki, na pasipoti kama anayo. Kaeni wawili wawili. Mmoja asome jina herufi kwa herufi, mwingine aandike. Panapotofautiana, tieni alama na mseme ni ugonjwa (a), (b) au (c). Msiwasahau watoto: walio karibu kusajiliwa kwa mtihani, linganisheni jina la shuleni na la cheti cha kuzaliwa sasa, kabla cheti cha mtihani hakijachapwa.

Maswali ya kujadili:

1. Katika kikundi chetu, ni wangapi wana jina moja katika karatasi zote?

2. Kuna tofauti gani kati ya afidaviti na hati ya kubadili jina?

3. Yule binti wa mfano wetu alikuwa na njia mbili za kuokoa kazi yake. Ni zipi?

4. Mama aliyeolewa kwa mila na hana cheti, kikundi kinaweza kumsaidiaje kuanza?

5. Je, kikundi kinaweza kutenga mkopo mdogo wa nauli na ada za karatasi, ili mtu asiuze ng'ombe kwa haraka?