Bibi Isabella Preston na Maua Yake

Isabella Preston alizaliwa mwaka 1881 katika mji wa Lancaster, nchi ya Uingereza. Tangu utoto wake alipenda kumsaidia baba yake bustanini. Hata mwaka 1912, alipokuwa mtu mzima wa miaka 30 hivi, alivuka bahari pamoja na dada yake, wakaenda kukaa Guelph katika nchi ya Kanada. Huko kilikuwapo chuo cha ukulima, naye akaingia kujifunza. Lakini kusikiliza darasani tu hakukumtosha. Akaenda kufanya kazi ya mikono katika bustani za chuo, akasoma na vitabu juu ya kuzalisha mimea.

Je, kuzalisha mimea ni kazi gani? Ndani ya maua mengi mna vijiti vyembamba vyenye unga, navyo ni sehemu ya kiume. Katikati mna sehemu ya kike. Unga ukifika juu yake, mbegu hufanyika. Wachukuzi wa unga huo ni nyuki, wadudu wengine na upepo. Lakini mzalishaji hawangoji nyuki. Huchagua mimea miwili, mmoja wenye uzuri na mmoja wenye nguvu. Ua la mmoja huliondolea vijiti vyake kabla unga haujaiva, hulipaka unga wa ua la pili, kisha hulifunika ili unga mwingine usiingie. Mbegu zikikomaa huzipanda, akangoja, pengine kwa miaka kadhaa. Katika miche mingi hupata michache tu ifaayo, iliyobaki huing'oa.

Kwa njia hiyo Bibi Isabella alipata yungiyungi jipya, si lile la majini, bali la nchi kavu, lenye tunguu ardhini. Likaitwa George C. Creelman, jina la mkuu wa chuo.

Mwaka 1920 alihamia Ottawa, kwenye shamba la serikali la kujaribia mimea. Aliandikwa kuwa kibarua wa kulipwa kwa siku, wala hakuona haya. Haukupita muda mrefu, wakubwa wake wakautambua ujuzi wake, wakampa kazi ya kuzalisha maua.

Nchi ile ina baridi kali. Watu waliupenda mti mdogo uitwao lilaki, lakini mara nyingi ulichanua mapema, na jalidi ya mwisho ikayaharibu maua yake. Bibi Isabella akachanganya aina mbili za lilaki zenye asili ya Asia. Miche iliyozaliwa ikastahimili baridi, ikachanua baadaye, jalidi ilipokwisha kupita. Wataalamu wakaipa jina la Preston kwa heshima yake. Naye akaita mingi kwa majina ya wanawake wa michezo ya Shakespeare. Mayungiyungi yake mengine aliyapa majina ya makarani wa kike wa ofisini, na mengine, wakati wa vita, majina ya ndege za vita.

Alistaafu mwaka 1946, akafariki mwaka 1965, akiwa amepata aina mpya karibu 200. Hata leo lilaki zake hupandwa katika nchi za baridi. Aliyeanza kazi kama kibarua ameacha jina lake katika miti. Kweli, subira huvuta heri.

MASWALI
1. Kwa nini mzalishaji hulifunika ua?
2. Lilaki za zamani ziliharibiwa na nini?
3. Bibi Isabella aliandikwa kazi gani alipofika Ottawa?
4. Eleza maana ya methali, "Subira huvuta heri."