Mto Uliopanda Mlima

Wasomaji wapenzi, hasa ninyi wadogo zangu mlio darasani sasa, nataka kuwasimulieni habari za mto usiokuwako. Mto huo ulitoka katika ziwa letu la Tanganyika, ukapita karibu na hapa Bujumbura, ukashika njia ya kaskazini, ukapanda milima kwa maji yake yote, ukashuka ng'ambo ya pili, ukawa Nile. Hakuna mtu aliyeuona. Hata hivyo, wataalamu wa Ulaya waliugombania kwa miaka mingi.

Mimi niliingia katika habari hii kwa aibu. Siku moja mwalimu wetu wa jiografia aliniuliza, "Mto Rusizi watoka wapi na waenda wapi?" Nikajibu upesi, "Watoka ziwa Kivu, waja Tanganyika." Akasema, "Vizuri. Umejuaje?" Nikasema, "Katika ramani Kivu iko juu na Tanganyika iko chini, na maji hushuka." Akauliza, "Basi, na Nile?" Nikaitazama ramani ukutani, nikaona Bahari ya Mediterania iko juu kabisa, nikanyamaza. Darasa zima lilicheka. Mwalimu hakucheka. Alisema, "Jibu lako ni sahihi, lakini hulijui." Maneno hayo yalinichoma kuliko sifuri.

Jumamosi alasiri tulikwenda wanne mpaka daraja la Rusizi, katika barabara ya Gatumba, ili tuone kwa macho. Upepo wa ziwani ulikuwa ukivuma, na viwimbi vilikimbia kuelekea kaskazini. Wenzangu wawili wakaapa kwamba mto watoka ziwani! Nikatupa bua la muhindi majini. Lilisita kidogo, kisha likaenda zake polepole kuelekea ziwani, kinyume cha viwimbi. Upepo ulikuwa umeyadanganya macho yetu, lakini haukuweza kulidanganya bua lililozama nusu.

Sasa tuwatazame wakubwa waliokosea kabla yetu. Mwezi Aprili 1858, Burton na Speke walipanda mitumbwi kutoka Ujiji mpaka Uvira. Walitaka kujua kama Rusizi ndio mwanzo wa Nile. Wana wa mtawala wa huko wakawaambia wazi kwamba mto huo waingia ziwani. Wapiga makasia walikataa kuendelea mbele, wageni wakarudi bila kuuona mlango wa mto. Mwaka huohuo Speke alifika ziwa Victoria, akasema hilo ndilo chanzo cha Nile. Marafiki wakawa mahasimu. Ilipangwa wajadiliane mbele ya watu mjini Bath, Uingereza, tarehe 16 Septemba 1864. Lakini siku moja kabla yake Speke alikufa kwa risasi ya bunduki yake mwenyewe alipokuwa akiwinda. Burton akazidi kushikilia kwamba Tanganyika ndiyo ipelekayo maji Nile, kwa njia ya Rusizi. Maneno ya wenyeji wa Uvira aliyaweka kando.

Jambo hilo lilikatwa na watu wawili waliokwenda kutazama. Livingstone na Stanley, baada ya kukutana Ujiji mwaka 1871, walipanda mtumbwi kuja kaskazini. Mwishoni mwa Novemba walifika penye mlango wa Rusizi, wakaona maji yanaingia ziwani. Kusini ya mji wetu, pale Mugere, liko jiwe kubwa lenye majina yao na tarehe 25-XI-1871. Wageni wengine huambiwa kwamba hapo ndipo walipokutana mara ya kwanza. Sivyo. Hapo walipita tu, wakiwa njiani kwenda kuuliza swali lilelile nililoulizwa mimi darasani.

Leo twaweza kulijibu kwa hesabu. Uso wa ziwa Kivu uko mita 1,460 hivi juu ya bahari. Uso wa Tanganyika uko mita 773 hivi. Mto wa Burton ungalipaswa kupanda karibu mita 690 ili ufike Kivu tu, na mbele yake kuna milima ya Virunga! Lakini tusimcheke sana. Mzungu wa kwanza kuiona Kivu, von Götzen, alifika mwaka 1894. Tena siku zile urefu wa nchi ulipimwa kwa joto la maji yanayochemka, maana kadiri upandavyo juu, ndivyo maji yachemkavyo kwa joto dogo zaidi. Kipimo cha Burton na Speke kiliharibika, kikatoa futi 1,850 hivi kwa Tanganyika, na kweli ni zaidi ya 2,500.

Na maji ya Tanganyika hutoka wapi? Hutoka magharibi, kwa mto Lukuga, ambao Cameron aliukuta mwaka 1874. Huingia Lualaba, kisha mto Kongo, mpaka Bahari ya Atlantiki.

Liko jambo moja la ajabu. Wataalamu wa miamba husema kwamba maelfu ya miaka iliyopita maji ya Kivu yalielekea kaskazini, upande wa Nile. Volkano za Virunga ziliiziba njia. Ziwa likajaa, likafurika kusini. Basi Rusizi uligeuzwa na nchi, haukuvunja sheria. Maji yalifuata mteremko kabla, nayo yafuata mteremko hata leo.

Ndugu wasomaji, mkisikia mahali ambapo maji hupanda, kama vile kilima cha Kituluni karibu na Machakos, Kenya, msikatae kwenda, wala msiamini macho peke yake. Chukueni pima maji. Na kabla ya kuchora ramani, waulizeni wanaochota maji pale.

Maswali ya kujipima:
1. Kwa nini bua lilikuwa shahidi bora kuliko viwimbi?
2. Kaskazini ya ramani ni "juu" ya nini?
3. Taja jibu moja ulilopata sahihi, lakini hulijui.